UYOGA WA KICHUGUU: TUUTUMIE NA TUUHIFADHI

Wanachama wengi wakisikia jina la mchwa hukunja uso, wala hawana makosa. Mchwa hula mizizi na magome ya mikarafuu, na mche uliopata taabu ya miaka huweza kukauka. Kuvu nayo twaijua kwa ubaya, maana maradhi ya kufa ghafla, yaliyoangamiza mikarafuu yetu mingi karne iliyopita, yalionekana katika miaka ya 1950 kuwa yatokana na kuvu iitwayo Valsa eugeniae. Lakini leo twapenda kueleza jambo ambalo mchwa na kuvu hulifanya kwa ushirika, na faida yake ikamfikia binadamu. Nao ni uyoga wa kichuguu, umeao katika mbuga za nyasi na miombo ya Bara.

Mchwa hawa ni wakulima kama sisi. Hukusanya nyasi kavu, majani na vijiti, wakavila, kisha kinyesi chao wakakijenga chini ya ardhi mfano wa sega. Juu ya sega hilo huotesha kuvu ya jamii ya Termitomyces. Kuvu hulainisha ule ugumu wa nyasi na miti, na mchwa hupata chakula chao hapo. Ushirika huu, ulioanzia Afrika, una umri wa miaka ipatayo milioni 30. Mvua ikinyesha, kuvu hupandisha shina refu kutoka shimoni mpaka juu ya ardhi, kofia ikachanua. Huko Zambia iko aina, Termitomyces titanicus, ambayo kofia yake huweza kufikia upana wa karibu mita moja.

Uyoga huu ni kitoweo kizuri. Ukiwa mpya hupikwa kwa karanga au kwa tui, na uliozidi hukaushwa juani ukawekwa akiba. Wakati wa mvua akina mama na watoto huuza mafungu kando ya barabara, wakapata fedha za matumizi. Lakini haulimwi kwa biashara kama uyoga wa mamama, maana pasipo mchwa haumei. Basi anayebomoa kichuguu mbugani, au kukimwagia dawa, amejikatia chakula cha kila mwaka.

Sasa twatoa tahadhari. Katika nyasi humea pia uyoga mweupe mkubwa uitwao Chlorophyllum molybdites, nao hutapisha na kuharisha vibaya. Ukikomaa, yale makunjo yaliyo chini ya kofia kama kurasa za kitabu hugeuka rangi ya kijani. Una pete shinani, wala hauna shina la chini linaloshuka kichuguuni. Uko na uyoga mwingine wenye kuua kabisa, na sumu yake huweza kuchelewa saa 6 au zaidi, mtu akadhani amesalimika. Kupika hakuiondoi. Asiyeujua uyoga kwa hakika asiuchume, na watoto wasiachwe kuchuma peke yao. Aliyekula akaona taabu apelekwe hospitali mara moja, pamoja na kipande cha uyoga uliobaki.

Kwa hifadhi, yafaa kushika haya:

1. Usichume wote. Mchwa wa aina nyingi, wanapoanza kichuguu kipya, hawana kuvu. Vibarua wao wa kwanza huokota vumbi la mbegu lililomwagwa na uyoga uliokomaa. Tukimaliza uyoga wote, vichuguu vipya vitakosa mbegu.

2. Usichimbe kichuguu kufuata shina. Kata usawa wa ardhi, ukishautambua uyoga wenyewe.

3. Usichume mahali palipopigwa dawa.

4. Usilime mbuga yote. Acha vichuguu na nyasi zake.

Mwanachama atauliza: Je, tumwache mchwa atumalizie mikarafuu? Hasha. Mchwa aliyeingia shambani apigwe vita shambani. Mti ulioshambuliwa uangaliwe, na kuni zinazooza karibu na mashina ziondolewe. Lakini kichuguu kilicho mbali katika nyasi, kisichomdhuru mtu wala mti, kiachwe. Mkulima mwema humjua adui yake, na humjua vile vile mkulima mwenziwe, hata akiwa mdogo kama mchwa.