Chaki, lakiri na sandarusi: santuri ilivyobeba sauti

Ukipata kipande cha santuri ya zamani iliyovunjika, usitazame uso wake mweusi unaong'aa. Tazama pale ilipokatika. Ndani utaona chembechembe za kijivu, kavu, kama jiwe lililosagwa. Mtu wa Kilwa ana sababu ya kulihisi jiwe hilo kuwa la nyumbani. Kuta za Msikiti Mkuu wa Kilwa Kisiwani ni matumbawe na chokaa, yaani kalsiamu kaboneti, mabaki ya viumbe wa bahari. Chaki iliyotiwa kwenye santuri nyingi ni madini hayohayo.

Kila kiwanda kilikuwa na mchanganyiko wake. Katika mmojawapo, chaki ilizidi nusu ya uzito wote. Shelaki, ile gundi iliyoshika kila kitu pamoja, haikufika hata asilimia 16. Miongoni mwa yaliyobaki ni udongo laini, nyuzi, masizi ya kutia weusi, na sandarusi kidogo kutoka Kongo.

Shelaki hutokana na utomvu wa wadudu wadogo wanaoishi juu ya miti, hasa India. Waswahili waliijua zamani kwa sura nyingine: lakiri, ile ya kufungia barua. Sandarusi nayo haihitaji utambulisho pwani hii. Katika karne ya 19 ilichimbwa ardhini nyuma ya Kilwa na Lindi, mahali ilipoanguka kutoka misandarusi iliyokwisha kufa, ikasafirishwa ng'ambo kutengenezewa vanishi. Iliyotoka mtini ikiwa mbichi iliitwa chakazi, na bei yake ilikuwa chini. Lakiri na sandarusi zote hulainika kwa moto na kuganda zikipoa. Tabia hiyo ndiyo iliyowezesha kuchapa sauti.

Novemba 30, 1927, huko Camden, New Jersey, Jimmie Rodgers, aliyekuja kuitwa baba wa muziki wa country, alirekodi “Blue Yodel” kwa kampuni ya Victor. Miezi minne baadaye, Machi 1928, mwimbaji wa taarabu Siti binti Saad wa Fumba, Unguja, alikuwa Bombay na wenzake wakirekodi kwa kampuni ya HMV. Bahari mbili ziliwatenganisha, lakini mbwa anayesikiliza gramafoni alikuwa nembo ya kampuni zote mbili, na kazi ilifanywa kwa njia ileile.

Mwimbaji aliimba mbele ya maikrofoni. Umeme ukatikisa sindano iliyochonga mfuo kwenye sahani nene ya nta inayozunguka. Akikosea, nta nyingine iliwekwa na wimbo ukaanza upya. Hapakuwa na kukata wala kuunga. Nta ilipakwa unga unaopitisha umeme, ikatiwa kwenye dawa yenye shaba na umeme ukapitishwa, hadi shaba ikajijenga juu yake. Ilipobanduliwa, mfuo ulikuwa umegeuka kuwa tuta. Kutoka hapo zilitolewa nakala hadi kupatikana muhuri wa chuma, na muhuri ukakandamizwa juu ya donge la shelaki lililopashwa moto kwa mvuke. Maji baridi yakapita, santuri ikaganda.

Upande mmoja wa santuri ya inchi 10 ulichukua dakika tatu hivi. Wimbo wa taarabu, ambao barazani huenda mbali kadiri wasikilizaji wanavyotunza, ulilazimika kujibana. Santuri ilizunguka mara 78 kwa dakika, kwa hiyo ukingoni mfuo ulipita chini ya sindano kwa mwendo wa karibu mita moja kwa sekunde. Sauti yenye mitetemo 1,000 kwa sekunde ilichorwa kwa mawimbi ya takriban milimita moja kila moja. Karibu na katikati, mduara ukiwa mdogo, mawimbi hayohayo yalibanwa hadi nusu milimita, na ndiyo maana sauti nyembamba hufifia wimbo ukielekea mwisho. Ukiunyoosha mfuo wa upande mmoja, utapata uzi wa zaidi ya mita 100.

Chaki ilikuwa na kazi nyingine. Sindano ya chuma iliposhuka, chembe zake ziliinoa mpaka ikalingana na mfuo. Gharama yake ni ule mkwaruzo unaosikika nyuma ya wimbo, na sindano mpya kwa kila upande.

Santuri hizo zilifika mbali kuliko waimbaji wenyewe. Mwaka 1950 mtafiti wa muziki Hugh Tracey aliwarekodi wasichana wa Kikipsigis huko Kapkatet, Kenya, wakiimba juu ya “Chemirocha”. Huyo ni Jimmie Rodgers, aliyefariki mwaka 1933. Sauti yake ilikuwa imetangulia, na jina lake likapata matamshi ya wenyeji.

Ukirithi santuri ya namna hiyo Kilwa Kivinje au Lindi mjini, ihifadhi kwa kuisimamisha, mbali na jua, kwa sababu joto lililoiumba ndilo litakaloipinda. Usiisafishe kwa spiriti. Shelaki huyeyuka humo. Maji na sabuni kidogo vyatosha. Ila maji yasiguse karatasi ya katikati. Sauti imeshikwa na jiwe, lakini jina la aliyeimba liko kwenye karatasi tu.