Zhao Yunlei na dhahabu mbili za London

Zhao Yunlei, mzaliwa wa Yichang, China, mwaka 1986, alicheza badminton ya wawili wawili, akisimama karibu na wavu kukatiza kinyoya kabla hakijashuka. Katika Olimpiki ya London 2012 alitwaa dhahabu ya mchanganyiko pamoja na Zhang Nan, na kesho yake ya wanawake pamoja na Tian Qing, wakiwashinda Wajapani, seti ya pili ikifika 25-23. Hakuna mchezaji wa badminton aliyewahi kupata dhahabu mbili katika Olimpiki moja kabla yake. Ubingwa wa dunia aliuchukua mara tano. Rio 2016 aliambulia shaba, akastaafu.