Mwafrika Aliyewafundisha Waanglo-Saksoni

Tauni ndiyo iliyompeleka Hadrian Canterbury. Katika miaka ya 660, wafalme wawili wa Waanglo-Saksoni, Egbert wa Kent na Oswiu wa Northumbria, walimtuma Roma padri aitwaye Wighard ili awekwe wakfu kuwa Askofu Mkuu wa Canterbury. Alifika, akaonana na Papa Vitalian, kisha tauni ikamwua pamoja na karibu wote alioandamana nao. Papa ikambidi atafute mtu mwingine wa kwenda kisiwani Uingereza. Aliyemwona anafaa alikuwa Hadrian, abate wa monasteri moja karibu na Napoli, msomi wa Maandiko aliyekijua Kilatini na Kigiriki barabara. Bede, mwanahistoria mkuu wa Waanglo-Saksoni, anamtaja kuwa mzaliwa wa Afrika, yaani ukanda wa kaskazini ambao leo ni Libya, Tunisia na Algeria. Rangi ya ngozi yake Bede haitaji kabisa. Kilichomvutia ni elimu yake.

Hadrian alikataa cheo. Akampendekeza mtawa mwingine, lakini huyo alikuwa mgonjwa. Papa aliporudi kumbembeleza, Hadrian akamtaja Theodore, mzee wa miaka 66 kutoka Tarso, mji wa Mtume Paulo. Papa akakubali kwa sharti kwamba Hadrian aende naye, kwa kuwa alikwisha kusafiri Galia mara mbili na njia aliijua. Tena amwangalie mzee asije akaingiza kanisani desturi za Wagiriki. Hata hivyo safari ilichelewa miezi minne, wakisubiri nywele za Theodore ziote, maana alikuwa amenyolewa kwa desturi ya mashariki na ilipasa anyolewe upya kwa namna ya Kirumi. Waliondoka Roma Mei 668. Theodore alifika Canterbury mwaka uliofuata. Hadrian alizuiwa Galia na mtawala Ebroin, aliyemshuku kuwa amebeba ujumbe wa siri wa Kaisari wa Konstantinopoli kwa wafalme wa Uingereza.

Kisa hiki nakitafutia nafasi kwa sababu sisi jina la Waanglo-Saksoni lilitufikia likiwa limepakwa rangi nyingine. Mwaka 1877 mkoloni Cecil Rhodes aliandika imani yake kwamba Waingereza ndio taifa bora kuliko yote duniani, akaota dola moja ya watu wa asili ya Kianglo-Saksoni. Ndoto hiyo iligharimu ardhi na damu ya Waafrika. Na ilijengwa juu ya watu waliobuniwa, watu safi waliojitegemea, wasiodaiwa chochote na yeyote. Watu hao hawakuwahi kuwapo.

Waanglo-Saksoni wenyewe walikuwa wahamiaji. Dola ya Roma ilipopoteza Uingereza mwanzoni mwa karne ya 5, Waangli, Wasaksoni na Wajuti walivuka bahari kutoka pande ambazo leo ni Ujerumani ya kaskazini na Denmark. Wakaoana na wenyeji waliowakuta, wakazikana makaburi yale yale. Walikuwa wakulima, wafua vyuma na mafundi wa dhahabu hodari. Kusoma na kuandika vitabu kulikuja baadaye, pamoja na Ukristo, na hapo ndipo kazi ya Hadrian inapoonekana.

Alipoachiliwa na kufika, alipewa kuongoza monasteri ya Petro na Paulo nje ya kuta za Canterbury. Yeye na Theodore wakafungua shule. Walifundisha Maandiko, mizani ya ushairi, elimu ya nyota na hesabu za kalenda ya Kanisa. Bede, akiandika mwaka 731, anashuhudia kwamba wanafunzi wao wengine walikuwa bado hai, wakijua Kilatini na Kigiriki sawasawa na lugha ya mama. Maelezo ya Maandiko yaliyotoka darasani mwao yalionekana tena Milano mwaka 1936. Humo kuna habari ya matikiti ya mji wa Edessa, makubwa hata ngamia hubeba mawili kwa taabu. Nawafikiria vijana wa Kent, ambao ngamia hawakuwahi kumwona, wakielezwa Biblia na watu waliotoka upande wa dunia unaofanana na ule wa Biblia. Mmoja wa wanafunzi hao, Aldhelm, alikuja kutunga vitendawili 100 vya mashairi kwa Kilatini, na barua aliyomwandikia Hadrian imejaa heshima ya mtoto kwa mwalimu wake.

Hadrian hakuwa pekee aliyeunganisha kisiwa kile na Afrika. Huko huko Kent, katika makaburi ya Updown, alizikwa msichana wa karne ya 7 ambaye vinasaba vyake vinaonyesha kuwa sehemu ya ukoo wake ilitoka Afrika Magharibi. Alizikwa kama wenzake, karibu na ndugu zake wa damu. Wanawake wa zamani kidogo kuliko yeye walizikwa na mikoba yenye pete kubwa za pembe za ndovu, na uchunguzi wa pete za Lincolnshire umeonyesha kuwa ndovu wenyewe walikuwa wa Afrika. Na katika karne ya 8 Mfalme Offa wa Mercia alipiga sarafu ya dhahabu kwa kuiga dinari ya Khalifa al-Mansur. Maneno ya Kiarabu ya kumpwekesha Mungu yamo, na katikati yake limechomekwa jina la Offa kwa Kilatini.

Hadrian aliishi Uingereza karibu miaka 40 na akazikwa Canterbury. Monasteri ikashikwa na mwanafunzi wake, Albinus. Bede anaeleza katika dibaji yake kwamba Albinus ndiye aliyemsukuma kuliko wote aandike historia ya Waingereza, na ndiye aliyemkusanyia habari za Kent, nyingine zikitoka kwenye maandishi na nyingine kwa wazee. Kitabu hicho ndicho chanzo cha sehemu kubwa ya yale tunayoyajua kuhusu Waanglo-Saksoni wa kale. Aliyemhimiza mwandishi wake alipata elimu yake miguuni pa Mwafrika.