Pikipiki ya milioni 3 si ya milioni 3: piga hesabu kabla hujaenda dukani

Leo tunaiacha salfa na ubwiri unga pembeni kidogo, tuongelee kitu ambacho kila mwaka minada ya korosho ikianza hapa Tandahimba kinanunuliwa kama karanga: pikipiki.

Mwezi wa sita mmoja alikuja kijana ofisini, amekaa juu ya Boxer nyekundu, tairi la nyuma limelika mpaka nyuzi zinaonekana. Akaniambia, "Bwana shamba, salfa ya ruzuku nimeshapata, ila sina hela ya petroli ya mashine wala ya kumlipa mpulizaji. Na hii pikipiki nayo inataka cheni." Nikamuuliza, msimu uliopita ulipata ngapi? Akasema mkononi iliingia milioni 4. Pikipiki alinunua milioni 3. Alijua amebakiwa na milioni 1 ya kula na ya shamba.

Mwisho wa siku aliuza kilo 300 za korosho zikiwa bado maua, kwa kangomba, shilingi 1,000 kwa kilo. Akapata 300,000 ya kuokoa shamba na cheni. Mnada ulipofika, kilo hiyo hiyo baada ya makato ilimwingizia mwenzake 2,500. Maana yake kilo 300 zilimkimbizia 450,000. Hakufanya uzembe wowote shambani, tatizo lilikuwa kwamba alihesabu bei ya duka tu.

Nami nimejifunza kwa kuendesha. Tangu serikali ilipogawa pikipiki kwa maafisa ugani mwaka 2022, nina daftari ninaloandika kila lita, kila pancha na kila oili. Bila daftari usingeamini pikipiki inakula kiasi gani. Namba nitakazoweka hapa chini ni za mfano, nimezizungusha ili hesabu iwe rahisi. Wewe weka bei za siku yako, njia ya kukokotoa ni ile ile.

Hatua ya kwanza: hela ya kuitoa dukani mpaka iwe halali barabarani

Ukiambiwa bei, uliza swali moja: "Hiyo bei ina nini ndani?" Maduka mengi hukupa pikipiki ikiwa tayari na usajili wa TRA, kadi na namba ya MC. Mengine yanakutajia bei ya chini, halafu usajili unaukuta mbele. Usajili unahitaji TIN, na TIN inahitaji namba ya NIDA, kwa hiyo kama huna, anza huko mapema. Dai risiti ya EFD yenye jina lako, na hakikisha kadi imeandikwa jina lako, si la mwenye duka wala la mjomba aliyekusindikiza.

Sasa tupange:

- Bei ya dukani, pamoja na usajili: 3,000,000
- Kuitoa Mtwara au Masasi mpaka nyumbani: 40,000
- Bima ndogo ya mwaka: 60,000
- Kofia ngumu mbili: 60,000
- Mafunzo na leseni, kama huna: 200,000
- Keria ya chuma ya kubebea gunia, na fundi wa kuchomelea: 70,000
- Kufuli na mnyororo: 20,000

Jumla: 3,450,000.

Hapo pikipiki haijatembea hata kilomita moja ya kazi, na tayari 450,000 zimeongezeka.

Maelezo kidogo kwa yale ambayo vijana wengi huyaruka. Bima ndogo ni ya lazima kisheria. Inamlipa yule utakayemgonga, haikulipi wewe wala pikipiki yako. Ukitaka pikipiki yenyewe ilindwe na wizi au ajali, hiyo ni bima kubwa, na bei yake inategemea thamani ya pikipiki. Ukishalipa, hakiki stika yako kwenye mfumo wa TIRA kwa simu, maana stika za kughushi zipo, na ukipata ajali ndipo utakapogundua.

Leseni nayo si ya bodaboda peke yao. Ukiendesha barabarani unatakiwa uwe nayo, daraja A au A1 kulingana na ukubwa wa injini. Mwaka 2019 muda wa leseni uliongezwa kutoka miaka 3 hadi 5, ada ikawa 70,000. Ukigawa, ni 14,000 kwa mwaka. Faini ya pikipiki ilishushwa mwaka 2021 kutoka 30,000 hadi 10,000 kwa kosa, lakini makosa matatu kwa mwezi mmoja yanazidi hela ya oili na pancha za mwezi huo. Na kama utabeba abiria kwa malipo, kuna leseni ya LATRA juu yake.

Kuna kitu kimoja ambacho hulipi tena: ile ada ya kila mwaka watu waliyoiita rodi laisensi. Ilifutwa kwenye bajeti ya 2017/18, na badala yake petroli ikaongezwa shilingi 40 kwa lita. Kwa hiyo bado unailipa, ila unailipia kituoni kidogo kidogo.

Hatua ya pili: inavyokula mwaka mzima

Chukua kijana anayetembea kilomita 40 kwa siku, siku 25 kwa mwezi. Hizo ni kilomita 1,000 kwa mwezi, 12,000 kwa mwaka.

Petroli: Pikipiki ya 125 ikiwa na mzigo, kwenye mchanga wetu huu, ipe kilomita 40 kwa lita, usiamini zaidi. Ni lita 25 kwa mwezi. Kwa shilingi 3,000 ni 75,000 kwa mwezi, yaani 900,000 kwa mwaka. EWURA hutangaza bei kikomo kila Jumatano ya kwanza ya mwezi, lakini bei hiyo ni ya kituoni. Ukinunua ya chupa kijijini unalipa zaidi, na wakati mwingine unanunua na maji ndani.

Matengenezo ya mwaka:

- Oili, kila kilomita 1,500, mara 8 kwa 12,000: 96,000
- Tairi la nyuma: 70,000
- Tairi la mbele: 55,000
- Cheni na sproketi zake: 45,000
- Viatu vya breki, mara 2: 20,000
- Chujio la hewa, mara 2: 20,000
- Pancha, plagi, kebo na taa: 60,000
- Fundi: 50,000

Jumla: 416,000.

Wengine wataniuliza kwa nini oili nabadilisha mapema hivyo. Ni vumbi. Ukitoka nje ya lami kuelekea mashambani, lile vumbi jekundu linaingia kwenye chujio la hewa, chujio likiziba au likichanika linaingia kwenye injini, linasaga pistoni na ringi. Chujio la 10,000 ukilionea uchoyo, utafungua injini kwa laki kadhaa. Cheni nayo hivyo hivyo, mchanga ukichanganyika na grisi unakuwa kama msasa.

Kwa sababu hiyo hiyo, wanaoniuliza kuhusu skuta nawaambia kwa njia zetu waziache. Skuta ina tairi dogo na iko chini. Mjini kwenye lami ni nzuri, mwanamke mwenye gauni anapanda bila shida. Kwenye mchanga wa huku, ukiwa na gunia nyuma, utaisukuma kuliko utakavyoiendesha.

Sasa jumlisha petroli 900,000 na matengenezo 416,000. Unapata 1,316,000 kwa mwaka, karibu 110,000 kila mwezi.

Ukiongeza ile 3,450,000 ya mwanzo, mwaka wa kwanza pikipiki ya "milioni 3" imekutoka 4,766,000. Tuiweke kwenye korosho. Kwa 2,500 ya mkononi kwa kilo, ulidhani unalipa kilo 1,200. Kumbe unalipa kilo 1,906. Hizo kilo 700 za juu ndizo zilizomtesa yule kijana.

Hatua ya tatu: pikipiki inazeeka

Hela hii huioni ikitoka, ila inatoka. Ukinunua kwa milioni 3 na baada ya miaka 4 ukaiuza kwa 1,200,000, umepoteza 1,800,000. Kwa mwaka ni 450,000. Ukiweka pamoja uendeshaji 1,316,000, bima 60,000 na uchakavu 450,000, unapata 1,826,000. Gawa kwa kilomita 12,000: kila kilomita inakugharimu kama shilingi 152.

Hiyo namba ishike vizuri. Rafiki akisema "nipeleke Newala nitakuwekea mafuta ya buku tano," utajua kama amekulipa au umemsaidia.

Je, ununue au uendelee kukodi?

Hapa ndipo pa kuamua. Tuseme bodaboda kwenda shamba na kurudi, kilomita 12, ni 4,000.

Ukiwa na safari 10 kwa mwezi, kukodi ni 480,000 kwa mwaka. Ukiwa na pikipiki yako kwa safari hizo hizo: petroli 108,000, matengenezo madogo 120,000, bima 60,000, uchakavu 450,000. Jumla 738,000. Kukodi kumekuokolea 258,000.

Ukiwa na safari 20 kwa mwezi, kukodi ni 960,000. Yako mwenyewe: petroli 216,000, matengenezo 150,000, bima 60,000, uchakavu 450,000. Jumla 876,000. Hapo kununua kumeanza kulipa.

Kwa hiyo kwa bei hizi, mpaka uko karibu na safari 17 au 18 za kazi kwa mwezi. Nimesema za kazi: kwenda kusimamia palizi, kubeba pembejeo, kupeleka korosho AMCOS, kupeleka mbogamboga mnadani. Safari ya kwenda kuangalia mpira usiihesabu. Kijana mwenye korosho pamoja na bustani au kuku ana safari mwaka mzima, pikipiki itamlipa. Mwenye korosho peke yake, shamba liko jirani, na mzigo anao miezi mitatu tu, akodi.

Mkopo wa wiki kwa mtu mwenye mshahara wa mwaka

Kuna mikataba ya kulipa kidogo kidogo. Mfano: unatanguliza 600,000, halafu 70,000 kila wiki kwa wiki 52. Hiyo ni 3,640,000, ukijumlisha na kianzio unafika 4,240,000. Umeongeza 1,240,000 juu ya bei ya duka. Kwa dereva wa bodaboda anayeingiza hela kila siku, inawezekana. Sisi wa korosho tunalipwa kwa msimu. Mwezi wa nne marejesho ya kila wiki utayatoa wapi? Na malipo ya msimu hayana ahadi. Wanaokumbuka 2018/19, serikali iliponunua korosho kwa 3,300 kwa kilo, wanajua wapo waliosubiri hela kwa miezi mingi. Deni halisubiri.

Kama mko kwenye kikundi, ulizeni kwanza halmashauri kuhusu ile mikopo ya asilimia 10, ambayo asilimia 4 ni ya vijana. Haina riba.

Ukinunua iliyotumika

Bei inashuka, maswali yanaongezeka. Linganisha namba ya fremu na ya injini na zilizo kwenye kadi. Angalia kwenye mfumo wa faini za trafiki kama ina deni, ingiza namba ya pikipiki tu. Halafu hamisheni umiliki TRA siku hiyo hiyo ya kulipana, na gharama ya kuhamisha ijulikane ni ya nani. Pikipiki isiyo na jina lako, ikikamatwa au ikiibwa, utaanza kumtafuta muuzaji ambaye siku hizo simu haipatikani.

Kanuni ninayowapa vijana wangu

Hela ya msimu ikiingia, kabla hujapanda gari kwenda dukani, tenga kwanza:

1. Hela ya shamba mpaka mwezi wa nane: palizi, kupogolea, petroli ya mashine, mpulizaji.
2. Chakula na ada za watoto.
3. Hela ya barabarani ya pikipiki kwa miezi 6, kwa mfano wetu kama 660,000.

Kilichobaki baada ya hapo ndicho cha kununulia pikipiki. Kikitosha, nenda kanunue, na hongera. Kisipotosha, subiri msimu mmoja. Mkorosho uliopuliziwa vizuri mwaka huu utakununulia pikipiki mwaka kesho, lakini pikipiki isiyo na petroli haitakupulizia mkorosho.

Yule kijana bado anayo Boxer yake. Sasa ana daftari chini ya kiti, limekunjwa kwenye mfuko wa nailoni, na anabeba maboga na nyanya za wenzake kwa malipo ili pikipiki ijilipie oili yake. Kangomba ameachana nayo.

Mwenye mpango wa kununua msimu huu, andika namba zako kwenye karatasi, njoo nayo ofisini siku yoyote ya kazi asubuhi. Tutaipiga pamoja, haitachukua nusu saa.