Edwina Booth: Dem wa Hollywood aliyekuja kushuti East Africa, akaenda home na malaria

Ukitoka hapa Eldy ukavuka Malaba, Murchison Falls iko karibu kuliko Mombasa. Siku hizi wasee huenda huko kupiga picha tu. Lakini 1929, kuna dem alishuti filamu pande hizo, na ikamharibia maisha.

Anaitwa Edwina Booth. Humjui? Usijali, hata Hollywood walimsahau.

Alitoka wapi?

Jina la kuzaliwa ni Josephine Constance Woodruff, mtoi wa Provo, Utah, aliyezaliwa 1904. Aliingia Hollywood mwisho mwisho wa enzi ya filamu bubu, zile za kuigiza na macho na mikono kwa sababu hakuna sauti. Alikuwa anapewa visehemu vidogo tu, kama kwa Manhattan Cocktail ya 1928. Kisha MGM wakampa nafasi kubwa: Trader Horn.

Mbona filamu ilikuwa noma?

Wakati huo, "Afrika" ya Hollywood mara nyingi ilitengenezwa studio huko California. Lakini director W. S. Van Dyke akaleta timu yake huku: Kenya, Uganda, Tanganyika mpaka Congo. Walikaa miezi kama saba.

Iliwekwa mpango kama filamu bubu. Lakini Marekani sinema za kuongea zilikuwa zimeshika, so studio ikatuma mitambo ya sauti, kazi ikiwa tayari imeanza. Sauti nyingi haikutoka fiti, ikabidi sehemu kadhaa zishutiwe upya Marekani.

Edwina alicheza mzungu aliyepotea akiwa mtoto, akakulia msituni na kuabudiwa kama mungu. Ndiyo, ni ile stori ya kizamani ya kutudharau. Na nguo alizopewa zilikuwa karibu hakuna. Jua lote lake, mbu wote wake. Akashikwa na malaria, na enzi hizo tegemeo lilikuwa kwinini.

Nani aliomoka?

Filamu ilitoka 1931, watu wakajaa kumbi, ikateuliwa kuwania Oscar ya filamu bora. MGM wakachekelea. Edwina alijikokota kwa kampuni ndogo, akafanya The Vanishing Legion (1931) na The Last of the Mohicans (1932), halafu mwili ukakataa.

Akapeleka MGM kortini, akidai zaidi ya dola milioni 1. Alisema hakupewa nguo wala kinga ya kutosha. Kesi ikamalizwa nje ya korti, na hapo career ikaisha. Miaka mingi watu walisema alikufa, kumbe yuko hai, anatumikia kanisa lake la Mormon. Aliaga 1991 akiwa na miaka 86.

Na wa kwetu?

Kwa hiyo filamu kulikuwa na Mutia Omoolu, aliyepatikana huku huku East Africa. Alicheza Rencharo, mbeba bunduki wa Trader Horn, na akapelekwa mpaka Hollywood kumalizia kushuti. Edwina angalau kesi yake inatajwa. Mutia je, ni nani hapa Eldy alishawahi kusikia jina lake?

Nakuambia hii kwa nini? Kuna siku niliitwa kuwa ekstra kwa shoot ya video. Tulisimama juani kutoka asubuhi, maji tukajinunulia, tukaambiwa doh inatumwa jioni. Hiyo jioni bado haijafika.

So kabla usimame mbele ya kamera ya mtu, uliza mapema: Mkataba uko wapi? Nikiugua ama nikiumia, bili ni ya nani? Doh inaingia lini? Wakikuona unasumbua, sawa. Edwina aliuliza hayo maswali akiwa tayari mgonjwa, na hakurudi kuwa staa tena.