Giza Lisilo na Mradi

Giza la Masisi na Walikale, mashariki mwa Kongo, halikupangwa na mtu. Usiku wa Julai, mvua zikipungua, anga juu ya vilima vya malisho vya Masisi hujaa nyota hadi mtu akose pa kuanzia kuhesabu. Wilaya hizi mbili ziko kama digrii moja na nusu tu kusini mwa ikweta, kwa hiyo karibu kila nyota ya kaskazini na ya kusini hupita hapo katika mwaka mmoja. Hakuna aliyeomba ufadhili ili iwe hivyo.

Kuna miji ya jangwani inayolipia anga la namna hii. Tucson, huko Arizona, una vituo vikubwa vya darubini milimani, na sheria zake za taa zilianza mwaka 1972. Kati ya 2016 na 2017 mji ulibadilisha taa za barabarani zipatazo 18,000 na kupunguza mwanga wake kwa zaidi ya nusu. Baadaye, mwaka 2019, watafiti walizipandisha na kuzishusha taa hizo kwa makusudi huku setilaiti ikipima. Ikaonekana kwamba zilichangia chini ya moja ya tano ya mwanga unaoonekana kutoka juu. Uliobaki ulitoka madukani, kwenye mabango, kwenye viwanja vya magari na majumbani. Mradi ulitekelezwa vizuri, lakini sehemu kubwa ya tatizo haikuwamo ndani yake.

Kivu Kaskazini, mkoa wenye Masisi na Walikale, mambo yamegeuka: kilichokwama ni mradi wa mwanga wenyewe. Desemba 2015 bwawa la umeme la Matebe, Rutshuru, lilizinduliwa likiwa na uwezo wa zaidi ya megawati 13, na baadaye umeme wake ukafika mji wa Goma. Februari 2020 kampuni ya Nuru ikawasha mtambo wa sola wa megawati 1.3 hapo Goma. Kwenye karatasi, mwanga ungeendelea kutembea kuelekea magharibi. Mwishoni mwa Januari 2025 vita vikaingia Goma yenyewe, umeme na maji vikakatika. Nyuma ya mji mdogo wa Sake, magharibi mwa Goma, kwenye barabara zinazomeza malori, watu waliendelea na walichokuwa nacho: tochi ya simu, taa ndogo ya sola, jenereta ya mwenye duka.

Walikale kuna kisa kingine. Machi 2025 mgodi wa bati wa Bisie ulisimamisha kazi wapiganaji wa kundi la waasi la M23 waliposonga mbele hadi wakauteka mji wa Walikale; Aprili, walipoondoka, kazi ikaanza kurejea hatua kwa hatua. Mtu anayepima ubora wa usiku kwa setilaiti peke yake angeweza kuhesabu majuma yale kuwa mazuri: mitambo imetulia, watu wamekimbia, msitu umekuwa mweusi zaidi. Kipimo kinachofurahia wakimbizi kina kasoro. Ndiyo maana simwelewi anayetazama ramani ya dunia usiku, akaona doa jeusi mashariki mwa Kongo, akaliita hazina ya utalii wa nyota. NamibRand, Namibia, hifadhi ya anga la giza tangu 2012, watu hulipa ili walale nje. Kule Masisi, anayelala nje mara nyingi amefukuzwa kwake.

Hata hivyo anga hili lina wenyewe. Mwaka 1956 mwanaanthropolojia Daniel Biebuyck aliandika kutoka kinywani mwa Shekarisi Candi Rureke utendi wa Mwindo, wa Wanyanga wa Walikale. Mwindo anaua joka lililokuwa rafiki wa Nkuba, mwenye radi. Nkuba anampandisha mbinguni, anakaa huko mwaka mzima kati ya Mvua, Mwezi, Jua na Nyota, akiteswa na kufundishwa. Anarudi na amri ya kutoua wanyama. Uhifadhi uliokuja na masharti kutoka juu, na hapakuwa na semina. (Nkuba bado hajastaafu: kwa vipimo vya setilaiti, eneo la Kabare, karibu na Ziwa Kivu, linaongoza Afrika kwa wingi wa radi.)

Taa zitakuja, na zije. Wanawake wanaotoka sokoni jioni wanazihitaji kuliko mimi ninavyohitaji nyota. Ninachogombana nacho ni namna zinavyoletwa: nguzo ya sola, taa nyeupe kali inayotupa mwanga hadi kwenye mawingu, betri ndogo, picha ya uzinduzi. Betri ikichoka au ikiibwa, nguzo inabaki ya kufungia mbuzi. Taa yenye kifuniko, inayomulika chini peke yake, ya rangi ya manjano na inayojipunguza baada ya saa sita usiku, hutumia umeme kidogo na kuifanya betri idumu. Maslahi ya mama wa sokoni na ya mtazama nyota yanakutana kwenye kifaa kimoja. Lakini sharti hilo liandikwe kwenye zabuni kabla nguzo hazijanunuliwa, tena liambatane na jina la atakayenunua betri ya pili. Mfadhili wakati huo atakuwa ameshafunga hesabu zake.