Achari Tamu ya Embe: Pika Nyumbani, Linda Faida Yako

Msimu wa maembe ukishika Voi, bei huporomoka. Yasiyouzwa huiva kwa mpigo, mengine yakaozea chini ya mti au kuliwa na nyani. Njia moja ya kuiokoa pesa hiyo ni kuyachuma yangali mabichi na kuyapika achari tamu.

Mapishi

Tafuta maembe mabichi kilo 2, sukari kilo 1, siki kikombe 1, chumvi vijiko 3 vya chakula, tangawizi, kitunguu saumu na pilipili ya unga.

1. Menya, kata vipande vyembamba, changanya na chumvi, acha usiku kucha. Asubuhi mwaga maji yaliyotoka, kisha anika juani saa mbili tatu.
2. Chemsha sukari, siki na viungo. Tumia sufuria ya stili, maana siki hula alumini.
3. Tia maembe, pika kwa moto mdogo hadi shira iwe nzito.
4. Chemsha chupa za jamu dakika 10, jaza achari ikiwa moto, funga. Sukari na siki ndizo zinazozuia isiharibike, kwa hivyo usizipunguze.

Hesabu kwanza, bei baadaye

Tuseme umetumia shilingi 600 kwa vitu vyote, pamoja na makaa na chupa. Zikitoka chupa 6, kila moja imekugharimu shilingi 100. Ukiuza kwa 100, umefanya kazi ya bure. Pokea malipo kwa till yako, si kwa laini ya nyumbani, ndio pesa ya achari isipotelee kwa unga na tokeni za stima.

Chupa isitoke kabla ya pesa kuingia

Mteja wa Mwatate au Taveta anaweza kulipa kabla mzigo haujapanda matatu. Lakini usiamini ujumbe anaokuonyesha kwa simu yake. Angalia salio lako mwenyewe, kwa sababu SMS feki haziongezi salio.

Na mtu akipiga akidai ametuma kimakosa, usimrudishie mwenyewe. Mwambie aombe kurudishiwa kupitia huduma kwa wateja, nasi tutathibitisha kama kweli pesa iliingia. PIN yako hatutakuuliza kamwe.

Msimu huu, anza na kilo 2 tu. Chupa zikiisha na hesabu ikikubali, ongeza.